Somo: Kutembezwa Husuni Kubwa, Kilwa Kisiwani, bila kukimbizwa na maji

Habari zenu wakuu. Somo hili niliwaahidi siku nyingi. Watu wengi hurudi kutoka Kilwa Kisiwani na picha tele za Gereza (ile ngome ya zamani) na za Msikiti Mkuu, lakini ukiwauliza Husuni Kubwa wanakuambia, "Tulielezwa iko kule mbele." Sasa kule mbele ndiko liliko jumba la sultani: vyumba zaidi ya mia moja juu ya genge, bahari iko chini yake. Kufika Kisiwani ukaliacha ni sawa na kwenda harusini ukaishia kwenye maegesho.

Nasema hivyo kwa sababu hata mimi niliishia kwenye maegesho. Safari yangu ya kwanza tulikuwa kundi, tulivuka tumechelewa, na aliyetuongoza alikuwa na jicho moja kwetu na jingine kwenye maji. Tulipomuuliza kuhusu Husuni akasema huko ni mawe tu. Tulimwamini. Mara ya pili nilijipanga, na hatua zenyewe ni hizi.

Hatua ya 1: Tazama mwezi kabla ya kukata tiketi ya basi

Hili watu wa bara hulipuuza. Mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, ni bamvua: maji yanajaa sana na kupwa sana. Kwa pwani yetu, siku hizo maji huwa yamepwa kabisa mnamo saa 4 au saa 5 asubuhi, yaani saa ileile ambayo mgeni ameshakunywa chai na anataka kushuka. Mashua inakwama mbali, unavua viatu na kutembea kwenye tope na mawe yenye kukata. Kila siku maji huchelewa kwa karibu dakika 50, kwa hiyo baada ya wiki moja, mwezi ukiwa nusu, mambo yamegeuka: asubuhi maji yamejaa, na jioni hata yakipwa hayaendi mbali. Chagua siku hizo. Huna kalenda? Muulize mvuvi yeyote, atakujibu bila kuangalia simu.

Masika nayo uyaogope kidogo. Mvua za 2024 zilikata barabara ya kusini maeneo ya Somanga na watu wakalala njiani.

Hatua ya 2: Fika Kilwa Masoko, mji wa bara unaokabili kisiwa, chukua kibali

Kutoka Dar es Salaam panda basi la Kilwa Masoko, au la Lindi na Mtwara ukashukie Nangurukuru na kuunga. Ni kama kilomita 300. Lala Masoko, usijaribu kwenda na kurudi siku moja. Kibali cha kuingia kwenye magofu hutolewa hapohapo Masoko kabla ya kuvuka, si kule kisiwani. Beba kitambulisho cha taifa kwa sababu bei ya raia si ya mgeni, na dai risiti.

Hatua ya 3: Kubaliana na mwongozaji kwa maneno, mapema

Huruhusiwi kuzunguka peke yako, na hata ungeruhusiwa nisingekushauri. Jumba hili halina paa, halina vitanda vya dhahabu wala mapazia. Bila mtu wa kukuonyesha, utapita juu ya baraza la sultani ukidhani ni shimo.

Kabla hamjaingia kwenye chombo mwambie hivi: "Ndugu yangu, mimi nimekuja kwa ajili ya Husuni Kubwa. Tuanze huko, kijijini tutamalizia." Wengi wamezoea kuanza na Gereza kwa kuwa liko karibu na mahali pa kushukia, na mkifika kwenye msikiti jua limekuwa kali, miguu imechoka, Husuni inageuka kuwa "kule mbele". Mwombe pia azungumze Kiswahili chake cha nyumbani. Nimeona watu wakijikakamua kwa Kiingereza mbele ya Mtanzania mwenzao, na hadithi zote nzuri zikabaki tumboni.

Hatua ya 4: Kuvuka

Mashua ya tanga au boti ya mashine, mfuko wako utaamua. Upepo ukiwa mzuri, tanga ni raha yake. Vaa jaketi la kuokolea. Maji ya kunywa, kofia, viatu vya kufunga. Kisiwani ni kijiji cha watu wanaoishi, Waislamu, kwa hiyo vazi la heshima, na salamu kwanza kamera baadaye.

Hatua ya 5: Husuni Kubwa yenyewe

Kutoka kijijini ni mwendo wa nusu saa hivi kuelekea mashariki, kati ya mashamba na mibuyu. Ukifika, usiingie mbio. Simama na umwambie mwongozaji akuelekeze kaskazini, upande wa bahari, kisha akupe umbo la jumba zima: makazi ya sultani kwenye ncha ya genge, katikati baraza, na nyuma, upande wa kusini, ua mpana uliozungukwa na vyumba vyembamba. Ua huo ndio unaodhaniwa kuwa wa biashara na maghala. Nyumba na duka chini ya ukuta mmoja. Mfanyabiashara yeyote wa Kariakoo angeielewa ramani hiyo.

Aliyelijenga ni Sultani al-Hasan bin Sulaiman, aliyetawala tangu karibu mwaka 1310 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1330. Jina lake lilikutwa limechongwa kwenye kipande cha jiwe humu humu. Utajiri ulitoka kwenye dhahabu iliyoletwa pwani huko Sofala, Msumbiji ya leo, ikapita mikononi mwa Kilwa kabla ya kwenda Uarabuni na India. Sarafu yake moja ya shaba imewahi kuokotwa Great Zimbabwe, magofu ya mji wa kale wa mawe nchini Zimbabwe, bara kabisa.

Sasa anza kutazama kwa karibu. Ukuta ni mawe ya matumbawe na chokaa, lakini si matumbawe ya aina moja. Yale ya kujazia ni magumu, yamevunjwa ovyo ovyo. Kwenye fremu za milango utaona jiwe jingine, laini, lenye vitundu vidogo kama sega la nyuki. Hilo lilitolewa baharini likiwa hai na kuchongwa likiwa bado bichi, kwa kuwa likishakaa hewani hukauka na kuwa gumu. Pitisha jicho, si kidole, kwenye makali ya fremu: fundi yule ilimbidi awahi kabla jiwe halijakauka, na bado mistari imenyooka.

Barazani kuna ngazi ndefu za kukalia, na ukutani vidaka, mstari kwa mstari. Vidaka tunavijua kwenye nyumba za Lamu na Unguja kama mahali pa vyombo vya kaure. Hapa mwongozaji alituambia ni vya taa. Nilimwomba atuache tukae kimya dakika tano, nikajaribu kuweka utambi kichwani katika kila kimoja. Hapo ndipo jumba liliposimama.

Halafu bwawa la pembe nane. Kila picha ya Husuni mtandaoni ni ya bwawa hili, na kweli ni zuri, lakini usiishie kupiga picha. Liko juu ya genge, bahari iko chini na ni ya chumvi. Muulize mwongozaji swali moja tu: maji yaliingiaje?

Jambo la mwisho: mwambie akuonyeshe sehemu ambazo hazikumalizika. Jumba hili halikuwahi kukamilika, na lilikaliwa muda mfupi tu. Ukivuka bonde dogo jirani utaikuta Husuni Ndogo, ukuta mnene wenye minara, karibu mtupu ndani. Kwangu mimi dakika kumi zinaitosha.

Hatua ya 6: Kijijini, ukiwa unarudi

Gereza, ngome iliyoanzishwa na Wareno mwaka 1505 na kujengwa upya na Waomani. Makutani, ikulu ya zama za baadaye. Misikiti midogo. Haya yatazame kwa kadiri ya pumzi uliyobaki nayo. Ila Msikiti Mkuu usiupitie juu juu. Sehemu yake ya kusini yenye kuba ilianzishwa na sultani yuleyule wa Husuni, ingawa ilijengwa upya baadaye, na Ibn Battuta, msafiri maarufu kutoka Moroko, alifika mjini mwaka 1331 akamkuta. Anasimulia kwamba sultani alikuwa akitoka kusali Ijumaa, fakiri mmoja kutoka Yemen akamwomba nguo alizovaa. Sultani akarudi msikitini, akabadilisha, akampa. Watu walimwita Abu al-Mawahib, mtu wa kutoa. Alipofariki akamrithi nduguye Daud, ambaye akiombwa kitu hujibu kwamba aliyekuwa akitoa amekufa na hakuacha kitu. Mimi nikisimama pale kwenye kuta zilizoachwa nusu huko Husuni, huwa namkumbuka Daud.

Asante ya mwongozaji mpe mkononi, mwishoni, bila kutangaza.

Maswali ya wanachama

Swali: Mkuu, mimi nina mama mzima, magoti yanamsumbua. Atafika Husuni?

Jibu: Kwa mguu kutoka kijijini, usimtese. Zungumza na nahodha mapema, maji yakiwa yamejaa, awazungushe kwa chombo hadi chini ya genge. Bado kuna kupanda, kwa hiyo mama aamue mwenyewe akipaona. Akiona hapana, kulitazama genge kutoka baharini si haba. Wafanyabiashara wa kale nao waliliona hivyo kwanza.

Swali: Mbona unasema Husuni ndiyo jumba la sultani? Sisi tulionyeshwa Makutani tukaambiwa ndiyo ikulu.

Jibu: Hamkudanganywa, dada. Makutani ni ikulu pia, ila ya karne ya 18, Kilwa ilipoinuka tena. Kati yake na Husuni kuna miaka kama mia nne. Shida ni kuambiwa "ikulu ya sultani" bila kuambiwa sultani yupi.

Swali: Nafundisha sekondari, nataka kupeleka wanafunzi 40. Ushauri?

Jibu: Mwalimu, barua ya shule itangulie ofisini Masoko, na uulizie bei ya wanafunzi. Waongozaji wawili au watatu, makundi yapishane, maana barazani 40 kwa pamoja hakuna atakayesikia. Usikubali chombo kijazwe. Na wape kazi: kila kundi lichore ramani ya jumba bila kuangalia bango. Watoto wakichora wanaacha kukimbia juu ya kuta.

Swali: Songo Mnara, kile kisiwa kingine chenye magofu, naweza kuunganisha siku hiyohiyo?

Jibu: Unaweza, kama unapenda kukimbizwa. Ipe siku yake.

Swali: Somo zuri, lakini umeisifia sana ile hadithi ya nguo. Huyo fakiri alipewa nini baadaye? Sema yote.

Jibu: Umenikamata, mkuu, nililikata lile fungu. Mtoto wa sultani alizitaka zile nguo zirudi, akamlipa fakiri watumwa kumi. Sultani aliposikia watu wanavyomshukuru, akaongeza wengine kumi na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Watu 20 kwa joho moja, na Ibn Battuta anaiandika kama habari njema.

Ndiyo maana nikasema ulizeni maji yaliingiaje. Safari ile ya pili, binti mmoja kwenye kundi letu aliuliza nani alikuwa akijaza bwawa. Mwongozaji hakujibu. Aliondoka hadi kwenye kisima, akainama kama mtu anayejitwika ndoo, kisha akarudi kwetu polepole, juani, akihesabu hatua kwa sauti.