Siku moja Conwy: ngome, ukuta wa mji na magoti ya mama

Mama alipokuja kututembelea Manchester, hakutaka kuona maduka wala uwanja wa mpira. "Nipelekeni nikaone majumba ya wafalme wa Kizungu," akasema. Nikaingia mtandaoni usiku uleule, nikakata tiketi za basi la watalii la siku moja kwenda Wales Kaskazini: ngome, milima, ziwa, kijiji, kisha nyumbani jioni. Tangazo lilikuwa na picha sita za kupendeza. Kesho yake ndipo nilipoelewa kwamba kila picha ilikuwa dakika arobaini.

Conwy tulipewa dakika hamsini. Kumi ziliishia kwenye foleni ya choo, kumi nyingine kwenye dirisha la tiketi, maana nauli niliyolipa haikuwa na kiingilio cha ngome ndani yake. Mama alipanda ngazi za mnara kama kumi na tano hivi, akashika ukuta, akavuta pumzi. "Mwanangu, ngazi hizi zanimaliza magoti. Na hawa nao walijengewa na Wareno, kama sisi Fort Jesus ya Mombasa?"

Tulicheka sana. Mtembeza wageni wetu, mzee wa Kiwelisi, akataka kujua kichekesho ni nini, nikamtafsiria. Hakucheka. Akasema Wareno hawakufika, lakini mama yako ameuliza sawasawa: hii hatukuijenga sisi, tulijengewa.

Tangu siku ile nimerudi mara kadhaa, na kila mgeni akija kutoka Mombasa au Dar nampeleka hukohuko, ila kwa utaratibu tofauti. Ninayoandika hapa ni ya mtu mwenye siku moja tu, mwenye watoto au wazazi, na asiye na pesa za kuchezea.

Kwanza, usikusanye ngome kama stika. Wales Kaskazini ina nne ambazo UNESCO iliziweka pamoja kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1986: Conwy, Caernarfon, Harlech na Beaumaris. Zote ni za Mfalme Edward I wa Uingereza. Mtawala wa Wales, Llywelyn ap Gruffudd, aliuawa Desemba 1282, na mwaka uliofuata mafundi walikuwa tayari wanachimba misingi. Msimamizi wao mkuu alikuwa Master James wa St George, fundi aliyetoka Savoy. Ukizipitia zote nne kwa siku moja utarudi na picha za mawe, na ukiulizwa ipi ni ipi utashindwa. Chagua moja, tena iliyo na mji wake ndani ya ukuta. Kwa mgeni wa mara ya kwanza nasema Conwy bila kusita. Caernarfon ni kubwa na ina madaha zaidi, na mawe yake yenye mistari ya rangi yanasemekana kuiga kuta za Konstantinopoli. Lakini treni ya kawaida haifiki huko, unashuka Bangor na kupanda basi. Beaumaris ilianzwa 1295 na haikumalizika mpaka leo. Harlech iko juu ya mwamba, na stesheni iko chini ya mwamba. Mkumbuke mama.

Conwy ilijengwa kati ya 1283 na 1287, na kwa kazi ya namna ile huo ni mwendo wa kasi. Ngome ina minara minane mikubwa. Mahali pale palikuwa na abasia ya watawa, tena ndimo alimozikwa Llywelyn Mkuu, babu wa huyo aliyeuawa. Edward akawahamisha watawa akajenga juu ya kiwanja chao. Kanisa lao likabaki kuwa kanisa la mji, na mpaka leo unaweza kuliingia. Kisha akaujengea mji ukuta na kuwaleta Waingereza wakae ndani. Mwelisi alibaki nje. Mtu aliyekulia karibu na Fort Jesus hahitaji kuelezwa zaidi ya hapo. Ile yetu ilianzwa 1593, miaka mia tatu baadaye, lakini hesabu ni ileile: kaa kwenye maji, mizigo ije kwa bahari, wenyeji wakikasirika ufunge lango. Na shida nayo ni ileile. Majira ya baridi ya 1294 Wawelisi waliasi, Edward mwenyewe akakwama ndani ya Conwy, bahari ikiwa chafu na vyombo haviwezi kumfikia. Waliokaa Fort Jesus wakizingirwa na Waomani kuanzia 1696 hadi 1698 wangemwelewa vizuri.

Kisa ninachowapenda watembeza wageni wakikisimulia ni cha Ijumaa Kuu ya 1401. Walinzi wengi walikuwa wameshuka mjini kanisani. Ndugu wawili wa ukoo wa Tudur, waliomuunga mkono Owain Glyndŵr, kiongozi wa Wawelisi walioasi tena, wakaichukua ngome na watu wachache tu. Inasimuliwa kwamba waliingia kwa kujifanya maseremala waliokuja kazini. Fedha zote zile na minara yote ile, ikashindwa na mtu aliyebeba msumeno! Ukimpata mtembeza wageni anayekisimulia kisa hiki akiwa amesimama langoni penyewe, umepata thamani ya pesa yako.

Na hapo ndipo penye hoja yangu kuhusu ziara za kuongozwa. Mabasi ya watalii yanayotoka Manchester, Liverpool na Chester hayana ubaya, hasa kama huna gari na unataka mama aone milima ya Eryri kupitia dirishani. Ila kabla ya kulipa, waandikie waulize: tutakaa saa ngapi Conwy, si tutapita wapi, kiingilio cha ngome kimo ndani ya bei au la, na mwongozaji anaingia nasi ndani au anabaki kwenye basi. La mwisho watu wengi hawalifikirii. Wengi wao husimulia kwa maiki njia nzima, na mkifika mnaachwa mlangoni na saa ya kurudi. Kama jibu ni chini ya saa mbili Conwy, mimi silipi. Napanda treni mwenyewe, kisha natafuta mtembeza wageni wa palepale kwa saa moja na nusu. Wales ina watembeza wageni waliosomea na kufaulu mitihani, wanaovaa beji: ya buluu kwa nchi nzima, ya kijani kwa eneo moja. Mkiwa familia mbili mkachangiana, gharama kwa kichwa inakaribiana na ya basi, na mtembeza wageni anakwenda kwa mwendo wenu. Unaweza hata kumwambia mapema kwamba yupo mtu wa magoti.

Kuhusu hayo magoti. Ngazi za minarani ni za kuzunguka, nyembamba, zimelika katikati, na anayeshuka anakutana na anayepanda. Usimlazimishe mtu. Ua wa chini una mengi: ukumbi mkubwa usio na paa, vyumba vya mfalme, na kisima chenye kina cha futi 91 kilichochimbwa mwambani. Mama wangu alikaa kwenye ukingo wa dirisha la ukumbi, akala andazi, akapiga simu Likoni kuwaonyesha. Kama kupanda juu ni lazima na mguu hautaki, basi hiyo ndiyo sababu nzuri ya kwenda Caernarfon badala yake, maana tangu 2023 lango kuu la pale lina lifti ya kufika juu.

Ukuta wa mji ni habari nyingine, nao ni bure. Una urefu wa kama kilomita 1.3 na minara 21, na sehemu kubwa unaweza kutembea juu yake. Watoto wangu wanapenda upande wa kusini karibu na lango la kinu, kwa sababu moja tu: vyoo. Kuna vyoo kumi na viwili vya Zama za Kati vimepangwa mstari mmoja, vimetokeza nje ya ukuta kama masanduku ya mawe, kila kitu kikianguka chini. Mtoto wa miaka minane hasahau jambo kama hilo. Edward I atamsahau kesho. Ukishuka gatini kuna nyumba nyekundu inayosifiwa kuwa ndogo kuliko zote Uingereza, upana mita 1.8, na mtu wa mwisho kuishi humo alikuwa mvuvi wa futi sita na ushee. Hebu fikiria analala vipi.

Sasa mambo ya mfukoni. Kiingilio cha ngome ni zaidi ya pauni kumi kwa mtu mzima. Msimamizi ni Cadw, idara ya urithi ya serikali ya Wales, na ukijua mtarudi mara mbili tatu ndani ya mwaka, piga hesabu ya uanachama wao wa familia. Kwenye treni, kadi ya punguzo ya familia hukata theluthi ya nauli ya mkubwa na asilimia 60 ya mtoto. Mara nyingi inajilipa safari ya kwanza au ya pili. Majira ya baridi wanafunga mapema, saa kumi jioni, na wanaacha kuingiza watu kabla ya hapo.

Na mkipanga safari kwenye grupu la familia, andikeni saa kwa tarakimu za Kizungu: 08:00. Mpwa wangu aliyezaliwa huku aliambiwa "treni saa mbili," akalala mpaka saa tano, akashangaa tunamgombeza nini.

Mgeni aliyekuja kwa viza ya matembezi ya Uingereza hahitaji viza nyingine kwa Wales, wala hakuna kizuizi njiani. Ila ndugu zetu wa Ujerumani, Uholanzi na kwingineko Ulaya, kibali chako cha kukaa huko hakikuingizi Uingereza. Anza na hilo kabla ya kununua tiketi ya ndege ya bei ya kutupa.

Chakula: bebeni. Mikahawa ya Conwy inajaa mchana na ni ghali kwa watu sita. Samaki na chipsi vipo, na ndilo kimbilio la wengi wetu tusiokula nyama isiyochinjwa kihalali, lakini uliza wanakaangia nini, maana baadhi ya maduka bado hutumia mafuta ya ng'ombe. Msikiti uko Bangor, mji wa chuo kikuu, vituo vichache mbele kwa treni. Mvua ya huku inakuja ubavuni, mwavuli hausaidii kitu. Koti la kofia, na viatu vyenye meno kwa ajili ya mawe yaliyolowa. Jifunzeni pia maneno mawili matatu ya Kiwelisi, kwa sababu mabango yote yana lugha mbili, na lile neno kubwa lililopakwa barabarani, ARAF, maana yake ni polepole. *Bore da* ni habari za asubuhi, *diolch* ni asante. Mama alimwambia muuza tiketi *diolch* akapewa tabasamu ambalo mimi na Kiingereza changu sijawahi kupewa.

La mwisho, msije mkakesha. Stesheni ya Conwy ni ndogo na treni hazisimami zenyewe. Wakati wa kwenda mwambie kondakta mapema kwamba unashuka. Wakati wa kurudi simama mahali dereva anapokuona, unyooshe mkono. Mama alisimama mbele yetu sote, mtandio unapepea, akapunga mkono kwa nguvu zote kama anayesimamisha matatu ya Likoni, na treni ikasimama.