Somo: Mshiriki wa mauaji akigeuka shahidi wa serikali, tumpime vipi?

Mtu alikuwa na wauaji usiku ule. Leo hashtakiwi tena, na amesimama katika kizimba cha mashahidi pale mahakama ya Milimani, Nairobi, akiwataja wenzake mmoja mmoja. Nimewahi kuendesha mashtaka, nimewahi kutetea, na huyu ndiye shahidi anayeninyima usingizi kuliko wote.

Neno "msamaha" linachanganya watu. Msamaha wa Rais chini ya Kifungu cha 133 cha Katiba ya Kenya ni wa aliyekwisha kutiwa hatiani. Shahidi wetu kwa kawaida amepata nafuu kwa njia nyingine: Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma ameondoa kesi dhidi yake kwa idhini ya mahakama, au wameandikiana makubaliano chini ya kifungu cha 137A cha Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai, akakiri kosa dogo zaidi, la kuua bila kukusudia.

Hatua ya 1: Jua alichopewa, na lini. Dai makubaliano yale mapema. Kifungu cha 50(2)(j) cha Katiba kinampa mshtakiwa haki ya kuujua ushahidi kabla ya kesi. Kisha weka taarifa zake za polisi mezani, ya kwanza na ya pili, uzisome sambamba. Jina gani halimo katika ya kwanza, likaibuka baada ya kuahidiwa nafuu? Niliwahi kumuuliza shahidi mmoja, "Uliambiwa utapata nini?" Kabla ya kujibu aligeuka akatazama meza ya mashtaka. Nilimwomba jaji aliandike hilo, maana karatasi haina macho.

Hatua ya 2: Mpime yeye kwanza. Kama haaminiki, mtupilie mbali. Ushahidi wa kuunga mkono haufufui maneno yaliyokufa. Wengi hukosea hapa: wanakimbilia kutafuta cha kumwegemeza kabla ya kujiuliza kama anasimama.

Hatua ya 3: Tafuta kinachomgusa mshtakiwa. Hapa tukae kidogo.

Tuseme shahidi anasema waliua kwa nyundo huko Kayole, wakaitupa chooni. Polisi wanachimba, nyundo inapatikana ikiwa na damu ya marehemu. Chumba kizima cha mahakama kinanong'ona: kumbe anasema kweli! Lakini nyundo imethibitisha nini? Kwamba yeye alikuwepo, jambo ambalo alishalikiri. Haijasema lolote kuhusu mshtakiwa. Mshiriki anaweza kusimulia kila kitu kama kilivyotokea, mpaka rangi ya mlango, akabadilisha jina moja tu: amtoe kaka yake, amwingize jirani aliyekosana naye. Uongo wake hujificha kwenye jina, na hapo ndipo pa kuchimba.

Kesi ya Baskerville ya Uingereza, 1916, ambayo mahakama zetu huirejelea, inataka ushahidi huru unaomuunganisha mshtakiwa mwenyewe na kosa. Kwa mfano, M-Pesa iliyotoka kwenye simu ya mshtakiwa kwenda kwa mwendesha boda aliyewabeba, saa nne na dakika kumi na mbili usiku. Hiyo haikutoka mdomoni mwa shahidi.

Hatua ya 4: Rekodi za simu na M-Pesa zije na cheti cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi, kinachoeleza zilivyotolewa kwenye mitambo. Bila hicho, utetezi utazipinga.

Maswali ya wanachama

*Mwanafunzi, Rongai:* Wakili, kifungu cha 141 cha Sheria ya Ushahidi si kinasema hukumu si batili eti tu kwa kuwa imetegemea mshiriki peke yake?

Ndivyo kinavyosema, mwanangu. Lakini kutokuwa batili si sawa na kuwa salama. Jaji anaweza, ila ajionye kwanza na aandike kwa nini amemwamini. Kwetu hakuna tena wazee wa baraza, raia waliokaa na jaji kumshauri, katika kesi hizi, kwa hiyo anajionya mwenyewe.

*Mwanachama, Kasarani:* Wakiwa washiriki wawili na wanasema mamoja?

Kwa kawaida maneno ya mshiriki mmoja hayahesabiwi kuwa ushahidi wa kuunga mkono maneno ya mshiriki mwenzake. Uliza pia walikuwa rumande pamoja kwa muda gani.

*Mwanachama, Umoja:* Je, ndivyo ilivyokuwa kwenye kesi ya mauaji ya wakili Willie Kimani, kwamba mshiriki aligeuka shahidi?

La, dada. Pale mtoa habari wa polisi alikuwa mshtakiwa pamoja na wengine, na kilichobishaniwa ni ungamo lake. Jaji Jessie Lessit alimtia hatiani Julai 2022, na mwaka 2023 mtoa habari huyo akafungwa miaka 20. Ungamo la mshtakiwa mwenza lina kifungu chake, cha 32 cha Sheria ya Ushahidi, na mahakama hulipa uzito mdogo dhidi ya wengine kuliko ushahidi wa mtu aliyeapa akahojiwa.

*Mwanafunzi, Rongai:* Na upande wa mashtaka ufanye nini ili shahidi wake aaminike zaidi?

Ahukumiwe kwanza, ndipo atoe ushahidi. Akishajua kifungo chake, hana tena cha kununua kwa maneno yake.