Namna ya Kumchagulia Binti Jina la Kiayalandi

Katika parokia nyingi za Kisumu, Kakamega na Nakuru hamkosekani mama au msichana aitwaye Bridget, ingawa wachache hukumbuka kwamba chimbuko la jina hilo ni Ayalandi. Siku hizi wako pia wazazi walio na ndugu wauguzi huko Dublin, au waliooana na watu wa huko, nao hutamani jina la kale katika sura yake ya Kiayalandi. Kwa wazazi hao nina shauri moja linalotangulia mengine yote: lisikilizeni jina kabla ya kulisoma.

Kiayalandi huandikwa kwa herufi tunazozifahamu, lakini kanuni zake si zetu. Herufi bh na mh mara nyingi hutamkwa v, na s inayofuatwa na i au e hutamkwa sh. Ndiyo maana Niamh husomwa "Niiv", Siobhán "Shivoon", Aoife "Iifa", na Caoimhe "Kiiva" au "Kwiiva". Mtoto wa Nakuru aitwaye Niamh atalazimika kulieleza jina lake kwa kila mwalimu na kila karani, tangu chekechea hadi uzeeni. Hilo si kosa, ila ni mzigo ambao mzazi anapaswa kuupima kabla ya kumtwika mtoto.

Baada ya kuchagua majina matatu au manne, mpigieni simu bibi ya mtoto, awe ni dani, kukhu au cucu, mumtajie kila jina bila kumwandikia, kisha mwombeni aite kana kwamba mtoto anacheza upande wa pili wa boma. Dholuo haina sauti ya sh wala v, hivyo Siobhán inaweza kugeuka "Sifon". Gikuyu haina l, na Nuala itakuwa "Nuara". Mimi sioni aibu katika mageuzi hayo, kwa sababu Siobhán lenyewe lilitokana na Jehanne, jina la Wanormani walioingia Ayalandi katika karne ya 12, likalainishwa na vinywa vya wenyeji. Jambo la kujiuliza ni kama mtalipenda jina hilo katika sauti ya bibi, kwa kuwa ndiyo sauti ambayo mtoto ataisikia mara nyingi.

Halafu lipimeni kwa Kiswahili. Úna ni jina zuri la kale, lakini hapa kwetu mtu akiita "Una" msikilizaji atangoja kuambiwa ana nini. Ita, jina la mtakatifu wa Killeedy katika jimbo la Limerick anayeadhimishwa tarehe 15 Januari, ni fupi na rahisi kutamka, ila kwetu ni amri ya kumwita mtu.

Maana nayo ichunguzwe. Nuala ni kifupi cha Fionnuala, yaani bega jeupe, na katika hadithi ya watoto wa Lir ndiye binti aliyegeuzwa bata maji pamoja na kaka zake kwa miaka 900. Deirdre hukumbusha msiba wa mapenzi. Órla, kutoka Órlaith, huunganisha dhahabu na utawala, na karibu kila mtu hapa anaweza kulitamka. Saoirse maana yake ni uhuru, neno ambalo Mkenya hahitaji kufafanuliwa, lakini limetumika kama jina la mtu tangu karne ya 20 tu. Anayetafuta jina la kale hasa ajue hivyo.

Nikiulizwa langu, ningechagua Brigid, au Bríd, linalotamkwa "Briid". Mtakatifu huyu alianzisha monasteri ya Kildare, na sikukuu yake ni tarehe 1 Februari, siku ambayo kwa desturi ya Ayalandi hufungua majira ya kuchipua, wakati huku kwetu wakulima wanatayarisha mashamba wakingoja mvua ndefu. Watu wa huko husuka msalaba wake kwa matete. Aliyewahi kuwatazama wasusi wa mafunjo pale Dunga, kando ya ziwa, ataelewa kwa nini picha hiyo hunigusa.

Jina la nyumbani lisiachwe. Órla Akinyi au Brigid Nekesa humwambia mtoto alizaliwa alfajiri au wakati wa mavuno, jambo ambalo jina la kigeni haliwezi kulisema. Wazazi Wakikuyu wa Nakuru watavutiwa kujua kwamba Waayalandi wa zamani nao walirithisha majina ya mabibi, isipokuwa kwamba binti wa kwanza alipewa la mama ya mama yake, na wa pili la mama ya baba.

Mwisho ni karatasi. Alama ndogo juu ya á, í au ó huitwa fada, nayo hurefusha irabu; amueni mapema kama mtaiandika au mtaiacha. Kuzaliwa kunapaswa kusajiliwa ndani ya miezi sita. Kabla ya kuondoka hospitalini, au kwa naibu wa chifu ikiwa mtoto alizaliwa nyumbani, someni herufi moja moja kwenye karatasi ya taarifa ya kuzaliwa, kisha tumieni tahajia hiyo hiyo katika kadi ya kliniki, cheti cha ubatizo na cheti cha kuzaliwa.