Somo: Dar ya zamani kwa miguu, kutoka Boma la Kale hadi Makumbusho kwa saa tatu

Habari zenu wanachama. Wengi wetu tunaoishi Dar tumeshapanda boti kwenda Unguja kuuona Mji Mkongwe, na wengine tumefika Bagamoyo na Kaole. Lakini tukienda kupanda hiyo boti tunalipita Boma la Kale bila hata kugeuza shingo, na lipo ng'ambo ya barabara tu kutoka gatini! Limesimama tangu miaka ya 1860. Nimeandika somo hili ili mtu yeyote mwenye asubuhi moja ya mapumziko aweze kuuona mji wake vizuri, na aufuate kwa mpangilio unaoeleweka.

Siri ya matembezi haya ni moja: fuata umri wa majengo. Anza na yale ya Sultani, nenda kwa Mjerumani, kisha kwa Mwingereza, umalizie makumbusho. Waongozaji wengi huanza na kituo kilicho karibu na hoteli ya mgeni, matokeo yake mtu anaona majengo kumi na hajui lipi lilimtangulia lipi. Ukifuata umri, kila jengo linakueleza aliyekuja baadaye alikuta nini na alibadilisha nini.

Hatua ya 1: Chagua siku na saa

Jumamosi asubuhi ndiyo bora. Foleni ni nafuu kuliko siku za kazi, maduka yamefunguliwa na makanisani hakuna ibada ndefu kama Jumapili. Anza saa moja na nusu asubuhi. Ikifika saa tano, hasa kipindi cha kaskazi kuanzia Desemba hadi Machi, jua la Posta halina mchezo. Miezi ya Juni hadi Septemba, upepo wa kusi ukivuma, ndiyo raha yenyewe. Msimu wa masika angalia hali ya hewa kabla hujatoka, maana mvua ikizidi Jangwani hujaa maji na mwendokasi wa Kimara haufiki mjini.

Kwa usafiri, shuka kituo cha Posta ya Zamani au City Council. Gari lako liache nyumbani. Kutafuta maegesho mjini kutakula nusu saa ya matembezi.

Hatua ya 2: Pata mwongozaji, na mpime kabla hujamlipa

Omba kuona kitambulisho na leseni yake ya kuongoza watalii. Kisha muulize maswali mawili matatu kwenye simu. Nani alianza kuujenga mji huu? Kabla yake palikuwa na nini? Anayeijua kazi atakutajia Mzizima, kijiji cha wavuvi cha Washomvi na Wazaramo, halafu Sultani Majid bin Said wa Zanzibar aliyeanza kujenga hapa miaka ya 1860 na kufariki mwaka 1870 kabla mji haujashika. Atakwambia pia kwamba Wajerumani walihamishia makao makuu yao hapa kutoka Bagamoyo mwaka 1891. Akianza kubabaika, mshukuru na utafute mwingine.

Bei mpatane mapema: ni ya kichwa au ya kundi zima, na viingilio vimo au havimo. Kundi la watu wanne hadi sita linatosha. Wakizidi, wa nyuma hawasikii kitu kwa honi za bodaboda.

Hatua ya 3: Boma la Kale, na usiharakishe

Hapa kaeni hata dakika arobaini. Lilijengwa mwaka 1866 na 1867 na ndilo jengo kongwe kuliko yote yaliyobaki mjini. Siku hizi ndani kuna kituo cha urithi wa usanifu majengo, chenye maonyesho ya jinsi Dar ilivyokua. Ukiyaona hayo kwanza, vituo vinavyofuata vyote vinaeleweka.

Kabla ya kuingia, sogea ukutani uangalie sehemu ambayo jiwe linaonekana. Ni mawe ya matumbawe, yamejaa vitundu na michirizi ya viumbe wa baharini, na yameshikwa kwa chokaa. Hakuna saruji. Ukuta ni mnene kiasi kwamba ukiingia ndani unapokewa na ubaridi kabla hata hujaona feni. Kisha tazama juu. Dari la nyumba za namna hii hubebwa na boriti za mikoko, na boriti ya mkoko haina urefu wa kuvuka ukumbi mpana, ndiyo maana nyumba za mawe za pwani yetu, kuanzia Lamu hadi Kilwa, zina vyumba virefu na vyembamba. Mlango nao usiupite hivi hivi. Ni wa nakshi, wa kiunguja, na ufundi wake unataka mtu asimame autazame kipande kwa kipande.

Jirani yake kuna Atiman House, nayo ya enzi za Majid. Jina ni la Adrian Atiman, aliyetekwa utumwani akiwa mtoto huko Afrika Magharibi, akakombolewa, akasomea utabibu na kutibu watu kwa miongo mingi Karema, kandoni mwa Ziwa Tanganyika. Mwambie mwongozaji asimame hapo awasimulie. Mimi naona kisa cha mtu huyu kinastahili muda kuliko nusu ya majengo ya serikali mnayoyapita.

Hatua ya 4: Makanisa mawili ya enzi ya Mjerumani

Fuateni Sokoine Drive kuelekea Kivukoni. Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu lilijengwa kati ya 1897 na 1902, kwa mtindo wa Kigothiki, ule wa matao yaliyochongoka, na vioo vyake vya rangi ni vizuri zaidi asubuhi. Mbele kidogo ni kanisa la Kilutheri la Azania Front, la kipindi hicho hicho, lenye kuta nyeupe na vigae vyekundu. Tazameni juu ya madirisha yake: yana vipaa vidogo vya vigae. Wajenzi walikuwa wameshalijua jua la hapa.

Vaeni nguo za heshima, ulizeni mlinzi kabla ya kuingia, na kukiwa na ibada subirini nje.

Hatua ya 5: Sanamu ya Askari

Pandeni mtaa wa Azikiwe hadi makutano ya Samora. Hii barabara ya Samora Wajerumani waliiita Unter den Akazien, Waingereza wakaiita Acacia Avenue, baada ya uhuru ikawa Independence Avenue, na sasa ina jina la Samora Machel.

Tunapaona kila siku hapa kupitia dirisha la daladala, lakini wachache wamesogea wakasoma maandishi. Sanamu ni ya shaba nyeusi, ilizinduliwa mwaka 1927, kazi ya mchongaji Mwingereza James Alexander Stevenson. Askari ameinamia mbele na singe yake imeelekea bandarini. Chini yake kuna maandishi ya Kiswahili na Kiingereza, na mengine kwa herufi za Kiarabu, ya kuwakumbuka askari Waafrika na wapagazi wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Wapagazi ndio waliobeba risasi na unga mgongoni kuvuka nchi nzima, na walikufa kwa wingi sana kwa maradhi na njaa. Maelfu kwa maelfu, na makaburi ya wengi wao hayajulikani. Mwambie mwongozaji akusomee maandishi yote, asiruke.

Kuna jambo jingine la kumuuliza. Kabla ya askari huyu, pale pale palikuwa na sanamu ya Hermann von Wissmann, Mjerumani aliyekuja kuzima vita vya Bushiri bin Salim kwenye pwani hii mwaka 1889. Waingereza walipouteka mji mwaka 1916 waliing'oa. Iliishia Hamburg, mbele ya chuo kikuu, na miaka ya 1960 wanafunzi wa huko wakaiangusha.

Hatua ya 6: Bustani, kisha Makumbusho

Endeleeni na Samora hadi Bustani ya Mimea, iliyoanzishwa na Wajerumani mwaka 1893. Pumzikeni kivulini, mnywe maji, muwatazame tausi. Kisha ingieni Makumbusho ya Taifa, mtaa wa Shaaban Robert. Yalifunguliwa mwaka 1940 kwa jina la Mfalme George wa Tano. Ndani kuna habari za fuvu la kiumbe wa kale wa jamii ya binadamu alilolipata Mary Leakey Olduvai mwaka 1959, vitu vya Kilwa, magari ya viongozi wetu, na nje kuna kumbukumbu ya waliouawa kwenye bomu la ubalozi wa Marekani tarehe 7 Agosti 1998. Beba kitambulisho cha taifa, kiingilio cha raia ni nafuu zaidi.

Kutoka Boma hadi hapa ni takriban kilomita mbili tu.

Maswali ya wanachama

Mwanachama, Mbagala: Asante kwa somo. Nina watoto wa miaka 7 na 10, wataweza?

*Jibu:* Wataweza dada yangu, ila wapunguzie maneno. Pale Boma wape kazi ya kutafuta viumbe wa baharini kwenye mawe, watashughulika wenyewe. Makanisa chagua moja. Muda uliobaki wapeleke kwa tausi na kwenye magari ya makumbusho.

Mwanachama, Dodoma: Mkuu, nikija na treni ya SGR nina saa mbili tu kabla ya boti ya Unguja. Nifanye nini?

*Jibu:* Boma, Atiman House na Mtakatifu Yosefu, basi. Vyote viko karibu na gati. Sanamu ya Askari utaiwahi ukiwa na mguu mwepesi, lakini usilipunguzie Boma muda kwa ajili yake. Mizigo mikubwa usitembee nayo, iache kwa mtu unayemwamini.

Mwanachama, Ilala: Kwa nini Kariakoo haimo? Bila Kariakoo hiyo si Dar.

*Jibu:* Kaka, ni kweli kabisa, na ndiyo maana nimeiachia siku yake. Wakoloni waliugawa mji kwa rangi: Uzunguni huku baharini, Uhindini katikati, Waafrika wakawekwa Kariakoo, na Mnazi Mmoja ukaachwa wazi kuwatenganisha. Matembezi ya pili yaanzie Mnara wa Saa, wa mwaka 1961, yapite mahekalu ya Kisutu na jamatkhana (nyumba ya ibada ya Waismailia) ya mtaa wa Mosque, yavuke Mnazi Mmoja hadi mtaa wa Lumumba kilipozaliwa TANU, chama kilichoongoza harakati za uhuru, tarehe 7 Julai 1954, ndipo yafike sokoni. Soko lile ni kazi ya msanifu wetu Beda Amuli, na paa lake linahitaji mtu alielezee kwa utulivu. Wale wapagazi niliowataja kwenye Hatua ya 5 kambi yao ilikuwa maeneo hayo hayo. Ukivibana vyote ndani ya asubuhi moja, utachoka na hutakumbuka kitu.

Mwanachama, Tabata: Mimi ni mama mtu mzima, magoti yananisumbua. Nikae nyumbani?

*Jibu:* Shikamoo mama. Usikae nyumbani! Kodi bajaji kwa muda, dereva akusubiri kila kituo, mwongozaji apande nawe. Pale Boma ubaki chini, ngazi zisikuumize. Anza saa moja kamili kabla jua halijawa kali.

Mwanachama, Ubungo: Picha zinaruhusiwa kila mahali?

*Jibu:* Hapana. Ikulu, bandari, kivuko, polisi na majengo ya jeshi usielekeze kamera kabisa, hata ya simu. Makumbusho waulize mapokezi. Watu nao waombwe, hasa wauza kahawa na mama lishe. Wapo kazini, na kumnunulia mtu kikombe na kashata kabla ya kuomba picha ni ustaarabu.

Mwanachama, Kinondoni: Tukimaliza tule wapi?

*Jibu:* Mkipenda samaki, teremkeni soko la Feri, mnanunua na kukaangiwa hapo hapo. Msiotaka harufu ya samaki rudini Kisutu kwa juisi ya miwa yenye ndimu na tangawizi, na mishikaki ikianza kuchomwa jioni.

Mwanachama, Mikocheni: Nina shemeji anatoka Uingereza, Kiswahili hajui. Tuchukue waongozaji wawili?

*Jibu:* Mmoja anayezijua lugha zote mbili anatosha. Ila mwambie mapema aeleze kwanza kwa Kiswahili, kisha kwa Kiingereza, la sivyo atamwelekea mgeni peke yake na nyinyi mtabaki kufuata nyuma. Shemeji atalipa kiingilio cha wageni, kwa hiyo ulizia bei zote mbili siku moja kabla.