Somo: Kidomozi wa majani, soma jani kabla hujashika bomba

Picha za majani yaliyochorwa mistari meupe inayopindapinda zimekuwa nyingi humu, na karibu zote zinakuja na swali moja: nipige dawa gani? Nitalijibu, ila mwishoni. Kwa mdudu huyu, anayeanza na dawa ndiye anayemfuga. Nasema hivyo kwa sababu nimemfuga mwenyewe. Msimu mmoja nilipiga maharage yangu dawa ya jamii ya pairethroidi kila wiki, wiki sita mfululizo, na mistari ikazidi kuongezeka. Nikaapa kwamba dawa ni feki. Kumbe dawa ilikuwa nzima kabisa, tena inaua vizuri, ila ilikuwa inaua wasiohusika.

Kidomozi tunayemzungumzia ni nzi wa jenasi ya Liriomyza, mdogo wa milimita 1 hadi 2 na ushee, mweusi mgongoni na mwenye doa la njano nyuma kati ya mabawa. Wanaosumbua dunia ni watatu: Liriomyza trifolii, Liriomyza sativae na Liriomyza huidobrensis. Asili yao ni bara la Amerika. Hawakuruka kuvuka bahari. Walisafirishwa ndani ya mimea. Trifolii, kwa mfano, aliingia Kenya mwaka 1976 na vipandikizi vya maua ya krisanthemumu vilivyotoka Florida, Marekani. Yai lake liko ndani ya nyama ya jani, kwa hiyo kipandikizi unakiona kisafi, unakifungasha, na unakuwa umempa mdudu tiketi.

Hatua ya 1: Lisome jani

Hapa ndipo pa kutumia muda. Jani lina alama za aina mbili. Ya kwanza ni vidoti vyeupe kama vimechomwa kwa sindano. Hivyo ni vya nzi jike: anatoboa jani kwa kifaa chake cha kutagia kisha anageuka na kulamba utomvu. Vidoti vingi ni vya kula tu, vichache ndivyo vyenye yai. Dume hana kifaa cha kutoboa, hivyo hunywa kwenye matundu aliyoacha jike.

Alama ya pili ni mstari. Unaanza mwembamba kama uzi, na unapanuka kadiri buu, yaani mtoto wa nzi huyu anayekula ndani ya jani, linavyonenepa. Chuma jani, liinue kuelekea jua, ufuate mstari hadi upande ulio mpana. Utakuta moja ya mambo matatu.

Ukiona kitu cha manjano kinachezesha kichwa, na mbele yake kijidoti cheusi kinakwenda huku na huku, hilo ni buu hai. Kijidoti ni kulabu za mdomo zinazokwangua jani. Ukikuta mstari mtupu na mwishoni kuna mpasuko mdogo kama mwezi mwandamo, buu limeshatoka na kuanguka chini. Na ukikuta buu limelegea, limegeuka kahawia na halisogei, kuna aliyekutangulia kazi. Tutamfikia.

Fanya hivyo kwa majani 20 kutoka sehemu mbalimbali za shamba, si ya pembeni tu, uhesabu mabuu hai peke yake. Mstari ni kovu, haufutiki hata mdudu akishaondoka. Watu wengi wanatibu makovu.

Hatua ya 2: Hakikisha ni yeye

Trifolii na sativae huchora zaidi upande wa juu wa jani. Huidobrensis hupenda kufuata mshipa mkuu na mishipa ya pembeni, mara nyingi upande wa chini, na ndiye anayestawi penye baridi. Kwenye nyanya, angalia usimchanganye na kantangaze, Tuta absoluta. Huyo ni nondo, si nzi. Kiwavi wake ana miguu na kichwa kinachoonekana, anaacha mabaka mapana badala ya mstari, na anaingia hadi kwenye tunda. Buu la kidomozi halina miguu na halina haja na tunda la nyanya.

Hatua ya 3: Hesabu siku

Penye joto, yai huanguliwa kwa siku 2 hadi 5. Buu hukaa ndani ya jani takriban wiki moja, kisha hutoka, aghalabu asubuhi mapema, na kuanguka ardhini kugeuka pupa, hatua ya kutulia kabla ya kuwa nzi. Pupa ni kama punje ndogo ya rangi ya dhahabu au kahawia, na inakaa wiki moja hadi mbili. Kwa hiyo wiki tatu hivi zinatosha kupata kizazi kipya. Kukiwa na baridi huchukua muda zaidi. Yaani siku yoyote unayopuliza, sehemu ya jeshi iko chini ya udongo na dawa ya majani haiifikii.

Jaribu hili: weka sinia jeupe chini ya mmea jioni, ulitazame asubuhi. Punje utakazokuta zitakueleza ukweli kuliko idadi ya mistari.

Hatua ya 4: Zuia mlangoni

Miche na vipandikizi vipya vikae peke yake kabla ya kuingia shambani au kwenye kitalu nyumba, na vikaguliwe kwa jua kama nilivyoeleza. Vyenye vidoti, ondoa majani hayo au rudisha mzigo. Usipande zao jipya ubavuni mwa zao la zamani linalokaribia kuisha, maana nzi watahama kwa miguu, kwa namna ya kusema.

Hatua ya 5: Usafi na mitego

Majani ya chini yenye mabuu hai yachume, uyafunge kwenye mfuko wa plastiki na kuuacha juani. Usiyatupe kwenye lundo la mboji, kwa sababu buu litamalizia kazi yake pale pale. Ukimaliza kuvuna, masalia yaondoke mara moja, na magugu ya majani mapana yaliyo pembeni yaondoke nayo. Kulima udongo baada ya mavuno kunaharibu pupa nyingi. Kadi za njano zenye gundi ni nzuri kwa kujua nzi wameanza lini. Kwa kuwamaliza shamba la wazi, msizitegemee.

Hatua ya 6: Mjue mlinzi wako

Kuna nyigu wadogo sana, wadogo kuliko nzi mwenyewe, ambao maisha yao yote ni kuwinda mabuu haya. Anayefahamika zaidi ni Diglyphus isaea. Jike hutembea juu ya jani akilipapasa, akilipata buu hulichoma kwa mkia wake kupitia ngozi ya jani na kulipoozesha, kisha hutaga yai pembeni yake. Mtoto wa nyigu akianguliwa anakuta chakula hakikimbii. Akishashiba, hujenga nguzo ndogo kwa kinyesi chake ndani ya handaki, ili dari la jani lisimwangukie wakati yuko pupa. Ukiliinua jani kwenye jua unaziona nguzo zile kama vidoti vyeusi vimejipanga pande zake zote. Mara ya kwanza kuziona nilikaa nalo lile jani kama robo saa, kazi nikaisahau.

Hawa ndio niliowaua kwa wiki sita. Nyigu wanatembea juu ya jani, dawa inawapata. Buu liko ndani, halina habari. Isitoshe, vidomozi wamejenga usugu kwa dawa nyingi za zamani, wenzao nyigu hawakubahatika.

Hatua ya 7: Dawa, ikibidi

Ikiwa mabuu hai ni mengi, yaliyopoozeshwa ni machache, na mmea ni mchanga, piga. Chagua dawa inayopenya ndani ya jani: abamektini, spinosadi au siromazini. Abamektini piga jioni, kwa sababu mwanga wa jua huivunja haraka ile iliyobaki juu ya jani. Siromazini huzuia buu kujivua ngozi. Haimuui nzi anayeruka, usishangae ukiendelea kumwona. Usirudie kiambato kile kile kizazi baada ya kizazi. Na soma lebo: je, imesajiliwa kwa zao lako, na ni siku ngapi za kusubiri kabla ya kuvuna?

MASWALI YA WANACHAMA

*Mwalimu, nyanya zangu zimeanza kutoa maua, majani ya chini yote yamechorwa, ya juu ni safi. Ning'oe?*

Using'oe ndugu yangu. Majani ya chini yameshamaliza kazi yake kubwa. Yachume yale yenye mabuu hai, uendelee kukagua ya juu kila baada ya siku tatu.

*Mimi nalima mchicha na spinachi. Mnunuzi anakataa hata mstari mmoja. Hayo mambo ya kuvumilia kwangu hayapo.*

Ni kweli, dada. Pale jani lenyewe ndilo linalouzwa huna nafasi. Funika kwa wavu wenye matundu madogo tangu siku ya kupanda, ila hakikisha udongo hauna pupa kutoka zao lililopita, vinginevyo utakuwa umewafungia ndani. Vuna mapema, panda kwa zamu, na vitalu vikae mbali kimoja na kingine.

*Mtu akila jani lenye buu anadhurika?*

Hapana. Mdudu huyu hana sumu kwa binadamu. Cha kuogopa ni dawa iliyopigwa jana.

*Mwarobaini unafaa au ni maneno?*

Unafaa. Azadiraktini iliyomo huvuruga ukuaji wa buu. Lakini haidumu, inabidi kurudia, na inafanya vizuri mabuu yakiwa bado madogo. Ukisubiri mistari iwe mipana umechelewa.

*Tunasafirisha vipandikizi vya maua. Tukiviweka kwenye chumba cha baridi tangu siku ya kukata, si mayai yatakufa?*

Kinyume chake. Yai lililotagwa karibuni ndilo gumu kuliko yote, linaweza kuvumilia nyuzi 0 kwa wiki kadhaa. Viache kwanza siku 3 hadi 4 kwenye joto la kawaida la kitalu nyumba ili mayai yaanguliwe, halafu ndipo viingie kwenye nyuzi 0 kwa wiki moja hadi mbili. Buu halina ugumu wa yai.

*Nimeweka majani yenye mistari kwenye mfuko wa plastiki nikaufunga. Baada ya siku kumi kuna vidudu vyeusi vinatembea ndani. Nitajuaje kama ni nzi au hao nyigu?*

Chukua lenzi. Nzi ana mabawa mawili na lile doa la njano mgongoni. Nyigu ana mabawa manne, hana doa, na Diglyphus anang'aa kijani cheusi kama chuma. Ukikuta nyigu ni wengi kuliko nzi, nenda katikati ya shamba, fungua mfuko taratibu na uwaachie. Nzi ukiwaona wametawala, usiufungue, uache juani.

*Nimehesabu sasa hivi: nyigu kumi na mmoja, nzi wanne. Na kesho nilikuwa nimepanga kupiga.*

Ahirisha. Kagua tena majani 20 baada ya siku tano, utuletee hesabu hapa.