Siku Moja Xochimilco: Maji Asubuhi, Chakula Mchana

Kama unachotafuta ni bia, muziki wa mariachi na kelele, nenda Xochimilco Jumamosi saa nane mchana, panda mashua gati la Nativitas, na hutahitaji maelekezo yangu. Umati utakubeba. Haya ni kwa yule anayetaka kuona kitu ambacho mashua nyingi za rangi hupita kando yake bila kusimama, yaani mashamba. Xochimilco ipo kusini mwa Jiji la Mexico, ndani ya jiji lenyewe, na watu wamelima humo katikati ya maji tangu kabla Wahispania hawajafika. UNESCO iliiweka kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 1987, pamoja na kitovu cha kale cha jiji.

Ninaishi mjini hapa, na wageni wangu wakija, huko ndiko huomba kupelekwa. Ratiba yangu haibadiliki: maji asubuhi, chakula mchana. Ukigeuza utafika mferejini umeshiba, jua liko utosini, na wakulima wameshaenda kupumzika.

Siku gani, saa ngapi

Jumanne, Jumatano au Alhamisi. Mifereji imetulia, na anayekuendesha ana muda wa mazungumzo. Jumapili ni ya familia za mjini. Ina raha yake, ila mashua husongamana hadi zinagongana ubavu.

Kuanzia Juni hadi Oktoba mvua hupenda kunyesha alasiri, sababu nyingine ya kuwahi. Novemba hadi Aprili ni kiangazi, na mbingu ikiwa safi alfajiri utaziona volkano mbili, Popocatépetl na Iztaccíhuatl, upande wa mashariki. Lakini kumbuka jiji hili liko kama mita 2,240 juu ya usawa wa bahari. Saa kumi na mbili asubuhi mwezi wa Januari, juu ya maji, meno yatagongana. Vaa sweta zito. Ikifika saa nne utalivua na kutafuta kofia ya jua.

Ukiwa na uhuru wa kuchagua mwezi, chagua nusu ya pili ya Oktoba. Wakati huo vitalu vimejaa cempasúchil, ua la rangi ya chungwa linalopamba makaburi na madhabahu za nyumbani Siku ya Wafu, na mitumbwi hupita imesheheni maua hadi mwenye mtumbwi haonekani. Kuelekea Desemba zamu ni ya nochebuena, lile ua jekundu la Krismasi.

Kufika

Panda metro Laini ya 2, ile ya buluu, kutoka Zócalo, uwanja mkuu wa katikati ya jiji, hadi mwisho wake, Tasqueña. Nauli ni peso 5. Hapo hapo unahamia Tren Ligero, treni nyepesi ya juu ya ardhi, peso 3. Kote unalipa kwa kadi ya usafiri iitwayo Movilidad Integrada. Kadi moja inatosha kundi zima mkiipitisha mmoja mmoja. Reli hizi hufungwa vipande vipande kwa matengenezo, basi angalia taarifa za siku hiyo kabla hujatoka.

Usiondoke Tasqueña na njaa. Wauzaji wa asubuhi wana guajolota, ambayo ni tamal nzima, unga wa mahindi uliopikwa kwa mvuke, iliyoshindiliwa ndani ya mkate. Wanga ndani ya wanga, ndiyo, na inakushikilia hadi saa saba. Teremshia na atole ya moto, uji mwepesi wa mahindi wenye sukari.

Sasa, watu wengi huketi kwenye treni hadi kituo cha mwisho, Xochimilco. Asubuhi mimi sifanyi hivyo. Nashuka kituo cha Periférico na kuchukua teksi kuelekea mashariki, kwenye gati la Cuemanco. Njiani unapita mfereji mrefu ulionyooka: hapo ndipo yalipofanyika mashindano ya kupiga makasia ya Olimpiki ya 1968. Cuemanco iko jirani na mashamba yanayolimwa mpaka leo, wakati magati ya katikati ya mji yanakuingiza moja kwa moja kwenye mzunguko wa sherehe.

Ukiamua kwenda hadi kituo cha mwisho, utapokewa na vijana wa baiskeli wanaojitolea kukuonyesha njia. Watakuambia gati unalolitaka limefungwa, au kwamba tiketi zinauzwa kwa binamu yao. Sema asante, endelea kutembea, fuata vibao.

Mashua na bei yake

Mashua inaitwa trajinera: bapa chini, meza ndefu katikati, viti pande zote, paa, na tao la rangi mbele lenye jina, mara nyingi la mwanamke. Haina injini. Anayekuendesha ni remero, anayesimama nyuma na kusukuma kwa pondo refu hadi chini mferejini.

Shika neno hili tu: bei rasmi ni ya saa moja na ya mashua nzima, si ya kichwa. Hubandikwa kwenye ubao gatini. Mwaka 2023 ubao ulisema peso 600 kwa saa. Soma ubao wa siku yako, kisha uulize kwa sauti: «¿Cuánto por hora, toda la trajinera?», yaani, ni kiasi gani kwa saa, mashua nzima? Mkiwa wawili mtalipa sawa na kundi la kumi na tano, kwa hiyo ukiona wasafiri wengine wanazubaa gatini, waite mchangiane. Nimepata marafiki kwa njia hiyo, na nimepata pia mtu aliyeimba njia nzima.

Patana saa kabla ya kukaa. Saa moja haikufikishi popote. Tatu ndizo ninazopendekeza, nne kama una subira. Sema wazi kuwa unataka njia ya mashamba na kwamba unataka kushuka kwenye chinampa, shamba lililojengwa majini, ambayo bado inalimwa. Lipa mwishoni, na umwachie remero bahshishi. Kusukuma mashua ya mbao kwa saa tatu si kazi ndogo.

Utaulizwa kama unataka kwenda Kisiwa cha Wanasesere. Alikuwapo mzee, Don Julián Santana Barrera, aliyetundika wanasesere mitini kwa miaka mingi hadi alipofariki mwaka 2001. Kisiwa chenyewe kiko mbali na safari hula saa nne, ndiyo maana vimezuka visiwa vya kuiga karibu na magati, vyenye wanasesere walionunuliwa juzi. Mimi nakiruka.

Chinampa

Picha za matangazo husema bustani zinazoelea. Hazielei. Chinampa ni kipande cha ardhi chembamba na kirefu kilichojengwa ndani ya ziwa lenye kina kifupi. Wazee walikita vigingi majini, wakatandika matete na majani, wakamwaga tope la chini ya ziwa, tabaka juu ya tabaka, hadi udongo ukainuka juu ya maji. Kandokando wakapanda ahuejote, mti wa jamii ya mierebi. Utazame vizuri: unakwenda juu, mwembamba, hautandazi kivuli kwenye mazao, na mizizi yake ndiyo inayoshika kingo zisimomonyoke. Kwa kuwa shamba limezungukwa na maji, unyevu hupenya wenyewe kutoka pembeni, na mkulima huvuna mara kadhaa kwa mwaka.

Ukishuka, mwombe mwenye shamba akuonyeshe chapín, kipande cha tope cha kuoteshea mbegu. Mimi nimekulia kwa watu wa jembe, na hapa ndipo ninapokaa muda mrefu kuliko wageni wangu wanavyopenda. Mkulima huchota tope laini la mferejini na kulitandaza tabaka jembamba, analiacha likauke kiasi, kisha analikata kwa kisu liwe vipande vidogo vya mraba. Kila kipande anakitoboa tundu, anadondosha mbegu na kufunika kwa samadi. Mche ukishapata nguvu, anahamisha kipande kizima na udongo wake, mizizi haiguswi. Hakuna kifuko cha plastiki, hakuna trei. Mboji na mbolea vinatoka mita mbili kutoka aliposimama.

Utakachokuta kinategemea msimu: letusi, spinachi, figili, giligilani, na mboga mbili ambazo mjini huuliziwa sana, verdolaga yenye majani manene ya kuteleza na romeritos zenye majani kama sindano. Usishangae pia kukuta chinampa zilizogeuzwa viwanja vya mpira au kumbi za sherehe, na nyingine zimeachwa majani yaote. Kilimo cha tope kinachosha na watoto wa wakulima wana kazi mjini.

Usitumbukize mkono majini. Chemchemi zilizolisha mifereji zilianza kuvutwa kwa mabomba kwenda katikati ya jiji mwanzoni mwa karne ya 20, na maji yanayoijaza leo kwa sehemu kubwa ni maji taka yaliyosafishwa katika mtambo wa Cerro de la Estrella. Mboga za huko nanunua bila wasiwasi, ila nazipika.

Kwenye chinampa kadhaa wanafuga ajolote na kukuonyesha kwa ada ndogo. Huyu ni salamanda anayebaki na matamvua ya utotoni maisha yake yote, na mguu wake ukikatika huota mwingine. Ukitaka kumwona bila kulipa, toa noti mpya ya peso 50, iliyoanza kutumika mwaka 2021: yumo nyuma, na Xochimilco yake. Porini amekaribia kwisha. Watafiti walihesabu wastani wa ajolote 6,000 katika kila kilomita ya mraba mwaka 1998. Mwaka 2014 walikuta 36. Maji machafu yamechangia, na wamechangia pia samaki wa aina mbili walioletwa kwa nia njema ya kuwapa watu kitoweo, karpi na perege. Ndiyo, perege huyu huyu wa Afrika. Anakula mayai na watoto wa ajolote. Wanasayansi wa chuo kikuu cha UNAM, pamoja na wakulima, huweka vichujio kwenye midomo ya mifereji midogo ili perege asiingie. Ukioneshwa mfereji wa namna hiyo, umebahatika. Usimguse ajolote hata ukiruhusiwa. Ngozi yake ni laini mno.

Chakula

Mitumbwi itakujia na mahindi ya kuchemsha yaliyopakwa mayonesi, jibini, pilipili na ndimu. Kula moja, uondoe hamu. Wapo pia wanaokaanga quesadilla, chapati ya mahindi iliyokunjwa na kujazwa, ndani ya mtumbwi huku unayumba, na inastahili kutazamwa. Ila tumbo liachie nafasi: ukirudi gatini, chukua teksi hadi soko la Xochimilco, katikati ya mji, karibu na kanisa la San Bernardino de Siena.

Anza na tlacoyo. Ni unga wa mahindi ya buluu umbo la yai, umejazwa maharage yaliyopondwa, umekaangwa kwenye bamba bila mafuta, juu yake vipande vya dungusi, jibini na mchuzi wa pilipili. Ukiniambia nichague chakula kimoja cha safari nzima, ni hicho, kutoka kwa mama aliyeketi mlangoni na ndoo yake, si kutoka kwenye meza yenye menyu.

Kisha quesadilla ya maua ya maboga, au ya huitlacoche. Huyo wa pili ni fugwe, ule ukungu mweusi unaovimbisha punje za mahindi, ambao wakulima wengi tunaung'oa na kuuchoma. Hapa wanauuza ghali. Una ladha ya uyoga na udongo wa mvua. Na useme «con queso», kwa sababu katika jiji hili quesadilla haiji na jibini mpaka uombe.

Tafuta pia tlapique: samaki wadogo, dungusi, pilipili na majani ya epazote, vimefungwa ndani ya maganda ya mahindi na kuchomwa hadi maganda ya nje yaungue. Ni chakula cha watu wa ziwa, kilikuwapo kabla ya nyama ya nguruwe kufika bara hili. Mwisho wa juma kuna barbacoa, kondoo aliyeokwa shimoni akiwa amefungwa majani ya maguey, mmea wa jamii ya mkonge. Kutoka maguey huyo huyo hugemwa pulque, pombe nyeupe inayovutika kidogo. Onja glasi ndogo kwanza.

Cha kubeba nyumbani: mole, mchuzi mzito wa pilipili na viungo, ya unga au iliyokandwa kama donge, kutoka San Pedro Atocpan, mji jirani, na alegría, kashata ya mbegu za mchicha inayotoka Tulyehualco. Miche usinunue hapa kama unapanda ndege, utanyang'anywa uwanjani.

Kutoka sokoni hadi kituo cha Tren Ligero ni matembezi mafupi. Treni huanzia hapo, kwa hiyo kiti utapata. Jitahidi uwe umeondoka kabla ya saa kumi na moja jioni, kwa sababu baada ya hapo Tasqueña hujaa watu wanaotoka kazini na mfuko wako wa mole utapondwa.