Anza na jina la msambazaji, si jina la filamu
Baada ya kupotezewa muda na vionjo (trela) viwili vya uongo vya filamu ninayoisubiri, nimejifunza kutafuta kwanza jina la msambazaji, yaani kampuni inayoipeleka filamu kwenye kumbi na huduma za kutazama, ambalo kwa kawaida huwekwa chini ya bango rasmi, kisha kwenda moja kwa moja kwenye tovuti au chaneli yake. Yeye ndiye anayepanga tarehe na kusimamia haki za maonyesho, kwa hiyo kionjo kisichopatikana kwake kisiaminiwe haraka, hata kikiwa kimetazamwa na mamilioni, kwani siku hizi vingi huundwa kwa akili unde na vipande vya filamu za zamani. Uthibitisho ninaoupenda zaidi ni orodha ya bodi ya uainishaji, kama BBFC ya Uingereza: filamu ikishapewa daraja la umri pamoja na urefu wake kwa dakika, ujue imekamilika (hakikisha ni filamu yenyewe, kwa kuwa vionjo navyo huainishwa). Ikishatoka, tovuti ya JustWatch huonyesha huduma halali zinazoikodisha au kuiuza, mradi uchague nchi uliyopo. Njia hii hukwama pale haki zinapogawanywa kwa nchi, kwa sababu msambazaji wa Marekani huenda hana haki za Kenya au Tanzania, na tarehe aliyoitangaza isikuhusu. Hapo uliza ukumbi wa sinema wa mjini kwako. Filamu ndogo za matamasha nazo mara nyingi huwa bado hazijapata msambazaji, hivyo fuata ukurasa wa mtayarishaji.